Debe la Mafuta ya Gia

Mimi mafuta ya gia siyaamini mpaka niyanuse, na anayeniuzia simwamini hata baada ya kuyanusa. Watoto wangu wananicheka kwa tabia hiyo. Wacheke. Juzi nimepita mtaani nikamkuta kijana kalala chini ya kigari chake, kavaa fulana nyeupe kama anakwenda harusini, anamwaga mafuta ya giaboksi uani kwake. Nikasimama.

"Umefungua ya juu kwanza?" nikamwuliza.

"Ya juu ipi, babu?"

Nikajua nina kazi ya kuandika. Nyinyi vijana mna vitabu, mna spana za kila namba, lakini naona hakuna aliyewaonya. Mimi nimeanza ufundi wa magari enzi za mashamba ya karanga ya Wazungu pale Nachingwea, nikaufanya mpaka mgongo ukapinda. Nimefungua injini za matrekta, nimeshusha difu za malori katikati ya matope. Lakini kosa kubwa kuliko yote nililifanya katika kazi hii ndogo, ya kubadilisha mafuta ya gia nyumbani kwa mtu. Lilikaribia kumhamisha nchi mzee aliyenifundisha kazi. Nitafika huko. Kwanza tumalizane na nati.

Giaboksi ina nati mbili. Ya chini ni ya kumwagia, ya juu ni ya kujazia. Anza na ya juu. Ukishaiona imekubali kufunguka, ndipo ushuke chini. Mimi nilianza na ya chini, mwezi wangu wa kwanza kazini, kwenye kigari cha karani mmoja wa Kizungu. Mafuta yakatoka vizuri, nikafurahi, nikaifunga, nikaenda juu. Ya juu ikagoma. Nikachomeka bomba kwenye spana ili niongeze nguvu, nikaning'inia nalo mzima mzima, kichwa cha nati kikakatika. Gari likakaa siku nne tumbo tupu. Karani akawa anapita kwa miguu kila asubuhi, ananitazama.

Mzee Paulino alicheka mpaka akakaa chini. Kisha akanipa patasi na nyundo. Kiswahili chake kilikuwa na Kimakua ndani, gia kwake ilikuwa "kia" mpaka anakufa. Akaniambia, "Issa, kabla hujaitoa kia mafuta yake, tafuta kwanza mlango wa kuyarudishia."

Huyo ndiye mzee ninayemsema. Alivuka Ruvuma akiwa kijana, kutoka upande wa Wareno, akaja na tasbihi yake ya Kikristo shingoni na mke wake, Mama Rosa. Gereji ya mashamba ya karanga ilimkuta tayari anajua kazi. Mama Rosa alikamua ufuta na kuuza mafuta yake kwa chupa pale sokoni Nachingwea, na mafuta yake yalisifika. Mimi ni Mmwera wa Ruponda, mtoto wa wakulima, baba yangu alinipeleka chuoni kusoma Kurani na nikaishia juzuu ya tatu. Mzee Paulino alinipokea nisijue spana na koleo vina tofauti gani.

Nachingwea ya miaka ile ilijaa watu wa kila pembe, na kila mtu alimtazama mwenzake kwa jicho la pembeni. Spana ukiiweka chini ukageuka kupenga kamasi, unaikuta haipo. Kwa hiyo nilikuwa nahesabu spana zangu kabla ya kula na baada ya kula. Sanduku langu lilikuwa na kufuli mbili, na ufunguo wa ya pili niliufunga kwenye kamba ya suruali. Mzee Paulino naye alikuwa mtu wa kushuku, msidhani. Ila yeye alishuku vitu. Jeki hakuiamini hata mara moja, alipanga magogo chini ya gari kwanza na jiwe nyuma ya kila gurudumu. Ardhi hakuiamini kama iko sawa, alitaka sahani ya maji juu ya boneti, maji yakiegemea upande mmoja gari linasogezwa, kwa sababu gari lililoinama linakudanganya kipimo cha mafuta. Shimo la kuingilia chini ya gari hakuliamini, alilichokoa kwa fimbo kwanza. Siku moja kijijini Mkotokuyana fimbo ilitoka na nyoka, tukafanya kazi ile tukiwa tumelalia migongo juani. Watu lakini aliwaamini, na mimi nilimwona mjinga kwa hilo.

Haya, fuateni. Mafuta hayamwagwi gari likiwa limelala tangu jana. Liendeshe kwanza mpaka dukani na kurudi, yapate moto, yatoke pamoja na uchafu wake. Kinga karai safi. Nasema safi kwa sababu gari utalishitaki kwa uchafu wa karai. Yakishatoka, chovya vidole, sugua, tazama juani. Vumbi laini linalong'aa ni kawaida, ni uzee tu. Ukikuta kipande cha chuma unachoweza kukishika kwa kucha, ujue gia imevunjika ndani, funga mdomo, usimwambie mwenye gari "kazi imekwisha". Jazia kwa faneli, polepole, mpaka yachungulie kwenye tundu la juu na kuanza kudondoka. Subiri yaache kudondoka ndipo ufunge. Katika vigari vingi vya wakati ule hilo tundu la juu ulilipata kwa ndani, unafunua zulia miguuni mwa dereva, na hapo utakuta pia karanga, vichungi vya sigara, na mara moja nilikuta jino la mtu.

Na kuna chupa. Hii hamtaisoma kwenye kitabu chochote. Mzee Paulino alikuwa haweki wala hatoi mafuta bila kujaza kichupa kidogo, cha yale yanayoingia na cha yale yanayotoka. Anakiziba kwa gunzi la hindi, anamiminia nta ya nyuki juu, na kabla nta haijakauka anakandamiza dole gumba lake, na mwenye mali anakandamiza la kwake. Alikiita shahidi. Sababu yake ilikuwa hivi. Mafuta machafu ya gari kule kwetu yalikuwa dhahabu. Unapaka nguzo za nyumba, mchwa hawasogei. Ukiwa unamwaga mafuta kwenye uwanja wa mtu, majirani wanapanga mstari na vibuyu na makopo, na yule aliyekosa anaanza kusema, "Fundi kayatoa yakiwa bado mazima, anampelekea mkwewe apake nguzo." Wengine walikuwa wanasema kweli. Basi shahidi alimaliza maneno. Unabandua nta, unanusa, unasugua, kila mtu anaona.

Mashamba ya karanga yalipokufa, Wazungu waliondoka kwa haraka na vitu vyao wakaviuza kwa haraka. Hapo ndipo Bwana Nassoro wa Ruangwa, mwenye duka la kanga na chumvi, akapata kigari. Kidogo, rangi ya kijivu, milango miwili. Kilikuwa gari pekee la mtu binafsi katika mtaa ule, kwa hiyo kilikuwa pia gari la wagonjwa, la maiti na la maharusi. Akaniita nibadilishe mafuta.

Niliendesha kidogo nikaanza kushuku. Giaboksi ilikuwa kimya mno. Gari la umri ule lazima lilalamike kidogo, kama mtu wa makamo anapoinuka kwenye kiti. Hili halikutoa hata mguno. Nikamwaga, na yaliyotoka yalikuwa uji. Mafuta yaliyochanganywa na unga wa mbao. Huo ni ujanja wa kuuzia gari bovu: unga wa mbao unajaa kwenye meno ya gia, kelele zinanyamaza mpaka mnunuzi afike kwake. Nikaosha ndani kwa mafuta ya taa, nikajaza mapya, nikawasha. Gari likanguruma kama mashine ya kusaga.

"Fundi!" Bwana Nassoro alishika kichwa. "Nimekupa gari kimya, wewe unanirudishia hili!"

"Bwana Nassoro, huo ndio ukweli wake."

"Sikukuita unitolee ukweli. Nilikuita ubadilishe mafuta."

Nilimwonyesha karai lenye ule uji. Hakunisadiki mpaka Mzee Paulino alipokuja naye akauchota kwa kijiti na kumwambia vilevile. Tangu siku hiyo Bwana Nassoro alimheshimu Mzee Paulino kupita kiasi, na mimi alinivumilia. Niseme ukweli wangu leo, nilimwonea wivu mzee wa watu.

Sasa lile debe.

Gereji ilipofungwa, mimi nilirudi Ruponda kwa mama, nikawa natembeza ufundi kwa baiskeli, Nachingwea, Ruangwa, mpaka Chunyu huko. Mafuta ya gia yakawa adimu. Waliokuwa nayo waliyachanganya na mafuta ya injini, na wengine na vitu nisivyoweza kuvitaja. Mzee Paulino alikuwa na debe lake moja, mali yake halali, alipewa na bwana wake siku ya kuagana. Aliniita kwake, akanionyesha. Yalikuwa mazito kama asali, yana ile harufu kali inayokaa puani mpaka jioni.

"Chukua debe, mimi nimemimina yanayonitosha," akasema. "Ukimaliza unirudishie debe langu. Madebe mazuri hayapatikani."

Kisha akaleta kichupa, gunzi na nta. Mimi nikacheka, "Mzee, mimi na wewe tena tuwekeane shahidi?"

"Siwawekei watu. Nayawekea mafuta." Akakandamiza dole lake, nami nikakandamiza langu, akanipa kichupa nikitunze.

Nikalifunga debe kwenye keria ya baiskeli, na njia nzima ya Ruponda nikawaza wezi. Nilijua mafundi wanne ambao wangelala njaa ili wayapate yale mafuta. Nilimshuku jirani yetu. Nilimshuku binamu yangu aliyekuwa anakuja kula kwetu. Kwa hiyo nikafanya ujanja nilioujivunia sana. Debe nililiweka ghalani, katikati ya vyombo vya mama vya mafuta ya ufuta, nikaliziba kwa kitambaa kama alivyoziba vyake. Kisha nikamwambia mama mwenyewe uongo.

"Mama, lile debe ni mafuta ya ufuta ya mtu wa Ruangwa. Nitamrudishia. Usiliguse, wala usimwambie mtu."

"Haya, mwanangu."

Na kwa sababu hata mama sikumwamini, nilichonga kijiti chenye alama. Kila nikitaka kwenda safari nilichovya kijiti nione kama mafuta yameshuka chini ya alama. Nikichota ya kazi, nachonga alama mpya. Hakuna aliyeyagusa miezi yote ile, na mimi nikazidi kujiona mwerevu.

Mwaka uliofuata, kiangazi kikali, Bwana Nassoro aliniita tena. Muda wa kubadilisha ulikuwa umefika. Nikaenda ghalani, nikachovya kijiti. Mafuta yalikuwa juu ya alama, vidole vitatu. Vijana, mimi fundi mzima nilisimama pale nikasema, "Ni joto. Joto limeyavimbisha." Mafuta yanavimba kwa joto, ni kweli, kidogo sana. Joto la kuyavimbisha vidole vitatu lingekuwa limeshaunguza ghala. Lakini nilikuwa natafuta mwizi, na mwizi hupunguza. Kwamba yanaweza kuzidi sikuwahi kuwaza.

Nikamimina kwenye makopo, nikaenda Ruangwa. Nikafanya kila kitu sawasawa, ya juu kwanza, karai safi, sahani ya maji kwenye boneti. Mafuta mapya yakateremka kwenye faneli upesi kuliko kawaida. Nikasema ni jua. Kuyanusa sikuyanusa. Ya wengine ndiyo niliyokuwa nanusa. Yangu, niyanuse kwa nini?

Haikupita miezi miwili, Bwana Nassoro akakwama njiani. Alikuwa anampeleka mkewe hospitali Nachingwea, mama yule ana homa kali hajijui. Giaboksi ikapiga ukelele, gia ya pili ikakataa, ya tatu ikakataa, gari likafa katikati ya pori. Bwana Nassoro akamfunga mkewe mgongoni kwa mtu wa baiskeli kwa kanga mbili, yeye akakimbia nyuma akimshikilia. Mama alipona, Mungu ashukuriwe. Lakini niwaambie, mwanamume aliyekimbia hivyo hawezi kukusalimia vizuri.

Gari lilivutwa na ng'ombe mpaka uani kwake. Aliniita mimi, na akamtumia salamu Mzee Paulino aje ashuhudie, maana neno la Mzee Paulino ndilo aliloliamini. Tukakuta watu wengi, kwa sababu kila mmoja alikuwa ameshawahi kupanda gari lile au ndugu yake kupandishwa. Nikafungua ya juu. Nikafungua ya chini. Kilichotoka hakikujaza hata kikombe. Mengine yote yalikuwa yamepenya kwenye sili ya nyuma, ile ya kuzuia mafuta yasivuje, na kudondoka njiani, maana yalikuwa mepesi. Nikachovya kidole nikanusa.

Ufuta. Harufu ya ufuta uliokaangwa, waziwazi, uwanja mzima ukaisikia.

Sikuwaza hata kidogo. Mafuta yalitoka kwa Mzee Paulino. Nani kwake anakamua ufuta? Kila kitu kilikaa mahali pake kichwani mwangu, na lazima niseme kwamba nilifurahi. Nilimgeukia mbele ya watu wote.

"Mzee, mkeo anakamua nini?"

Yeye alikuwa anajifuta mikono kwa kitambaa. Alijifuta polepole, kidole kwa kidole.

"Anakamua ufuta, Issa. Wewe umeula miaka mingi."

"Basi ndio uliomo humu ndani. Ulinipa debe limechanganywa."

"Kichupa kiko wapi?"

"Kichupa gani?"

"Tulichokiziba mimi na wewe, siku ya debe."

"Kilivunjika," nikasema.

Sikuwa najua kama kilivunjika au hakikuvunjika. Sikukumbuka hata nilikiweka wapi. Nilisema tu, ili asiniharibie ushindi wangu. Mzee Paulino akanitazama, kisha akamtazama Bwana Nassoro, na Bwana Nassoro akageuza uso. Mtu mmoja nyuma akasema, "Hawa wa ng'ambo ya mto ndivyo walivyo." Wengine wakaitikia. Mzee akachukua kofia yake, akasema, "Haya, mabwana, kwaherini," akaondoka kwa miguu. Alikuwa ametembea tangu alfajiri kuja.

Nilipofika Ruponda nilitafuta kile kichupa. Nilitaka kukivunja, nisije nikaonekana mwongo. Nilikikuta kimening'inia kwenye pao nilikokifunga mwenyewe, nta nzima, alama za madole mawili zimekaa juu yake. Sikukivunja. Kushuku kwangu hakukuniacha, nilitaka kuona. Nikabandua nta, nikang'oa gunzi, nikanusa. Harufu ileile kali. Nikamimina kiganjani, yakakaa mazito, hayana haraka ya kwenda popote. Ufuta hamna hata tone.

Basi ni nani? Nikamshuku binamu, nikamshuku jirani. Mama alikuwa anapepeta mtama nje. Nikamwuliza kwa ukali, na ule ukali sijausahau.

"Mama, nani amegusa debe la ghalani?"

Akaniangalia kwa furaha kabisa. "Nililijaza."

"Ulilijaza nini?"

"Si ulisema ni ufuta wa mtu wa Ruangwa, unamrudishia? Nikafungua nione kama mchwa hawajaingia, nikakuta pungufu. Aa, mwanangu, tumrudishie mtu chombo chake pungufu, atusemeje? Nikatia vibuyu vyangu viwili vya ufuta mpya."

"Na harufu, mama? Hukusikia harufu?"

"Niliisikia." Akashusha sauti, asitusikie mtu. "Nikajua ufuta wao umechacha. Nikasema nisiseme, huu wetu utausaidia."

Nilikaa chini palepale kwenye makapi ya mtama. Mama yangu alifanya kama alivyofundishwa na mama yake, chombo cha mtu kirudi kina kitu. Nilimdanganya kwa kumshuku, akautendea wema uongo wangu. Sikuwa na wa kumlaumu.

Hapa ndipo ninapoona aibu zaidi kuliko pale uwanjani. Nilijua, na nikakaa kimya. Gulio la kwanza likapita, la pili likapita. Nilikuwa najiambia nitakwenda kesho. Pale Nachingwea wanawake walikuwa wanainua chupa za Mama Rosa, wananusa, wanauliza kama zina mafuta ya gari, wanacheka, wanakwenda kwa mwingine. Chupa zake zilirudi nyumbani zimejaa. Mzee naye hakuitwa tena na mtu wa Ruangwa, na Nachingwea walianza kumwuliza maswali wasiyokuwa wakimwuliza. Gulio la tatu nilimwona Mama Rosa kwa mbali, hana hata chupa, anauza vinu vyake vya kukamulia na mikeka. Nikamwuliza mwuza tumbaku aliye jirani naye kunani.

"Wanarudi kwao. Mzee amesema wavuke Ruvuma kabla ya mvua."

Nilipanda baiskeli sikununua kitu.

Nilichukua kile kichupa, na kichupa kingine cha mafuta ya debe yalivyo sasa, nikaenda moja kwa moja kwa Bwana Nassoro. Nilimwomba awaite watu walewale. Nikasimama pale karibu na gari nikasema yote, uongo kwa mama, kijiti, joto, na lile neno "kilivunjika". Walicheka sana waliposikia habari ya joto. Bwana Nassoro hakucheka.

"Nimemgeuzia uso mzee yule uwanjani kwangu," akasema. "Panda baiskeli yako, mimi nakuja na yangu."

Tulimkuta Mzee Paulino anafunga mizigo kwa kamba. "Shikamoo, mzee," nikasema. "Marahaba," akasema, hakuinua kichwa. Bwana Nassoro alimwomba radhi kwanza, kwa maneno ya mtu mzima, na akamtaka aje amtengenezee gari, yeye na si mwingine. Mimi nilipopiga magoti nilisahau yote niliyoyapanga njiani. Nikamwekea vichupa viwili mbele yake, nikalia. Mzee alivinusa kimoja baada ya kingine.

"Mama yako kaweka ufuta mzuri," akasema. "Kia imekula chakula kizuri." Mama Rosa akacheka ndani ya nyumba, na kamba zikafunguliwa.

Hawakuvuka. Tulilifungua lile gari pamoja, tukapata gia kwenye vyuma vilivyotupwa na watu wa karanga, likatembea miaka mingi. Ruangwa walimwita tena, na mafuta ya Mama Rosa yakarudi kununuliwa, ingawa haikuwa kwa siku moja.

Debe lilibaki kwangu. Nilikuwa nimeliosha kwa majivu na maji ya moto mara tano. Nilipotaka kulirudisha, mama hakukubali liende tupu. Safari hii nilimwambia ukweli ni la nani, naye akalijaza mbaazi changa za kwetu, akaziba kwa majani. Nikalipeleka kwa Mzee Paulino.

Alilipokea kwa mikono miwili, akashukuru, akamtumia mama salamu. Kisha akafunua majani, akaingiza mkono mpaka chini kabisa, akatoa mbaazi chache, akazinusa. Alizinusa kwa muda, halafu akaitikia kwa kichwa kuwa ni nzuri. Nadhani hakujua kama nimemwona.

Tulifanya kazi pamoja miaka mingine kumi na zaidi. Hakuwahi kunikumbusha jambo lile, na watoto wake waliniita baba mdogo. Lakini kila nilichompa, liwe kopo la mafuta, kiwe kikombe cha chai, hata maji ya kunywa njiani, alikipeleka puani kwanza.